Jambo Moja Lisisomwe Hewani

Wajukuu zangu, nianze na mbuzi. Nikianza na watu mtalia, na mtu anayelia hasikii vizuri.

Alikuja redioni mfanyabiashara mmoja wa mjini Kibondo, kapotelewa na beberu wake. Tukamwandikia tangazo. Beberu mweusi, kwato za mbele nyeupe, sikio la kushoto limechanika. Nikalisoma kwa sauti yangu ya wakati ule, sauti nzuri tu, msicheke. Kesho yake asubuhi tumefika kazini tunakuta watu watatu wamekaa nje, kila mmoja na mbuzi wake mweusi kwenye kamba, na kila mbuzi sikio la kushoto limechanika. Wawili kati ya hao mbuzi damu ilikuwa haijakauka.

Mimi nilicheka hadi nikashika ukuta. Mzee Leonidas hakucheka. Huyo ndiye aliyenifundisha kazi, mtu wa Murungu, mfupi, mkavu, shati limepigwa pasi hata Jumapili. Aliwatazama wale mbuzi, akanitazama mimi, akasema, "Sasa fikiria ni mtoto."

Maana kazi yetu hasa haikuwa mbuzi. Mimi, mnayeniita Bi Skola, nilikuwa msomaji wa matangazo ya kutafutana, kwanza Kibondo, baadaye hapa Kasulu mpaka nilipostaafu. Watu walikuwa wanaingia kutoka Burundi, wengine kutoka Kongo, na njiani wanapoteana. Mama yuko kambi hii, mtoto yuko ile, baba hajulikani kama yu hai. Wanakuja redioni, wanatueleza, nasi tunasoma. Kwa Kiswahili kwanza, kisha kwa Kirundi, ambacho sisi Waha wa Kigoma hatuhitaji kwenda shule kukielewa. Unasoma mara mbili, polepole, husikitiki kwa sauti. Ukianza kusikitika, msikilizaji anakusikitikia wewe na jina la mtoto linampita.

Siku zangu za mwanzo niliandika tangazo la mtoto wa kike aliyeokotwa kwenye kivuko bila wazazi. Nililipamba kweli. Gauni la njano, jina la baba, kilima walikotoka, kovu la moto kwenye kiwiko. Mzee Leonidas akachukua kalamu akafuta kovu. Nikamwambia, mzee, hicho ndicho kitambulisho chenyewe, umefuta kitu cha maana kuliko vyote. Akanijibu kwamba ndiyo maana amekifuta. "Ukisema kila kitu," akasema, "mtoto anakuwa wa yeyote mwenye redio."

Kuanzia hapo ikawa hivyo kwa kila tangazo. Jambo moja halisomwi hewani. Haliandikwi popote, kwa sababu karatasi inaibwa na inasomwa na mfagiaji. Linakaa kichwani kwangu na kichwani kwake. Akija mtu anayesema mtoto ni wake, tunamkalisha, tunampa maji, tunamwambia: tueleze siku hiyo ilikuwaje. Basi. Hatumuulizi kama mtoto alikuwa na kovu, maana ukiuliza hivyo umeshampa kovu. Tunanyamaza. Mkweli akinyamaziwa anatulia, anapumua, anaanza upya. Mwongo akinyamaziwa anaongeza maneno.

Najua mnachotaka kuuliza: nani atadai mtoto asiye wake? Wengi. Wapo waliotaka kichwa kiongezeke kwenye kadi ya chakula. Wapo waliotaka binti wa kuchota maji. Na wapo, hawa ndio walinisumbua roho, waliopoteza wao wenyewe mtoto, wakasikia yupo mwingine wa umri uleule hana mtu, wakaja wanadanganya huku machozi yao ni ya kweli kabisa. Alikuja baba mmoja Kibondo, akalia mpaka fundi wetu wa mitambo akatoka nje kupenga kamasi. Nami nilikaribia kulia. Kisha nikagundua kitu. Alikuwa ananieleza habari za mtoto kwa mpangilio uleule niliousoma hewani, hadi mahali nilipopumua naye anapumua. Nikafunga moyo, nikamwacha aendelee, na lile jambo tulilolificha hakulijua.

Kwa hiyo msinishangae nikiwa mtu wa kushuku. Nimelipwa mshahara miaka mingi ili nishuku. Hata mtu akinisalimia vizuri sana najiuliza anataka nini.

Sasa nije kwa Zuhura, mshonaji wa pale karibu na soko, ambaye wengi wenu mmemwona kwenye simu zenu na mnadhani mnamjua.

Wakati kambi ya Mtabila inafungwa na malori yanawarudisha Warundi kwao, Bi Mwanaidi, muuza vitenge hapa mjini, mwenye ndugu zake Tanga, alifungua duka asubuhi akakuta mtoto wa kike amekaa mlangoni. Mdogo, wa kuanza darasa la kwanza hivi. Jina alilolijua lilikuwa la utani tu, ambalo nusu ya watoto wa kambini waliitwa. Bi Mwanaidi alimleta redioni kamshika mkono. Nikamuuliza mtoto siku hiyo ilikuwaje, akaniambia, na katika aliyoniambia nikachagua jambo moja la kuliweka nyuma. Nikasoma tangazo wiki hadi wiki, miezi. Hakuja mtu. Bi Mwanaidi akamlea, akampa jina Zuhura, akamfundisha kusoma Kurani na kukata kitambaa. Kirundi kikamtoka kabisa.

Mwaka jana Bi Mwanaidi alifariki, Mungu amrehemu. Baada ya arobaini Zuhura akaja kwangu akakaa kwenye kigoda jikoni, akasema anamtaka mama yake. Alisema hivyo tu, kama mtu anayesema ana kiu. Mtoto wa watu alikuwa amebaki peke yake kwenye nyumba ambayo ndugu wa Tanga walishaanza kuiulizia.

Na hapo ndipo alipoingia Deo. Deo mnamjua, kijana mwenye kituo chake cha mtandaoni, anayezunguka na pikipiki na ile taa ya duara. Sitasema ni kijana mbaya, maana si mbaya, na hiyo ndiyo shida yake. Shikamoo yake inatoka mbali, anapokea mzigo wako bila kuombwa. Lakini nilishamwona kazini. Nyumba ya mama mmoja wa kijiji cha Nyakitonto iliungua, Deo akamhoji moshi bado unatoka, akamuuliza anajisikiaje. Anajisikiaje! Mtu nyumba yake ni majivu. Na watu wakaangalia huku wanakula, wakaandika pole, wakapitisha kidole, wakaenda kwa mchekeshaji.

Zuhura aliponiambia Deo anataka kumhoji sikumzuia. Mtu anayemtafuta mama yake humzuii. Nilimwambia: nenda, useme lori, useme Mtabila, useme duka la vitenge. Lakini lile jambo ulilonambia ukiwa mdogo, lile tulilolificha mimi na wewe, libaki tumboni. Akaapa.

Mahojiano yale nimeyaangalia kwa makini ya kazi. Deo aliuliza vizuri, kwa upole. Zuhura akaeleza, akafika mwisho, akanyamaza. Na Deo naye akanyamaza. Nywele zilinisimama, wajukuu zangu, kwa sababu kimya kile nakijua, ni chetu kile. Kijana hakufundishwa na mtu, kakivumbua mwenyewe, na sisi tulikuwa tunakitumia kumkamata mwongo, yeye anakitumia kumfungua mkweli. Alikaa kimya, kamera inaangalia uso wa yule binti, kisha akasema taratibu, "Dada Zuhura, kuna kitu bado hujatuambia."

Akasema. Machozi yakatoka na maneno yakatoka pamoja. Kwamba asubuhi ile yeye na mama yake walikuwa na jozi moja tu ya kandambili. Mama alivaa ya mguu wa kulia, na mtoto akavalishwa ya kushoto, ili kila mmoja awe na mguu mmoja usioumia. Kwenye msukumano wa malori mikono ikaachana. Alipofika dukani kwa Bi Mwanaidi alikuwa na kandambili moja.

Nchi nzima ililia. Nasikia hata Ulaya walilia. Deo akaweka na muziki wa huzuni kwa chini, sijui kwa nini, kama vile maneno yenyewe hayakutosha. Watu wakaanza kumtumia Zuhura zawadi, mmoja akamnunulia cherehani mpya. Mimi nilizima simu nikaenda kuchambua maharage, maana hasira zangu zinataka mikono iwe na kazi. Nilijua kitakachofuata. Nilishawaona wale mbuzi.

Mama wa kwanza alikuja na basi kutoka upande wa Kibondo, na kandambili ya kulia ameifunga kwenye khanga. Deo alikuwepo na taa yake. Wakakumbatiana, wakaanguka chini wote wawili, watu sokoni wakapiga vigelegele. Yule mama akahamia, akala, akashonewa magauni. Alikaa mpaka watoto wake wa kweli walipopiga simu kuuliza anarudi lini, na ikajulikana kwamba Mtabila hajawahi kukanyaga. Zuhura alishaanza kumwita mama.

Wa pili Deo alimleta mwenyewe kutoka Kigoma, kwa nia njema, anasema. Naye ana kandambili ya kulia. Safari hii nilikuwepo. Nikaichukua mkononi, nikamwambia Zuhura, nusa. Ilikuwa inanuka duka. Imesuguliwa kwenye saruji ili izeeke, lakini harufu ya mpira mpya huwezi kuisugua. Yule mama aliondoka chai bado ya moto.

Deo akarusha na hiyo. "Mama feki afichuliwa." Ikaangaliwa kuliko kukumbatiana. Nilimwita hapa kwangu, nikamwambia nilichokuwa nacho moyoni: kwamba binti alikuwa na kitu kimoja duniani cha kumtambulia mama yake, na yeye amekigawa kama pipi. Alinisikiliza, kainamisha kichwa, sikuona kiburi. Kisha akasema, "Bibi, nisamehe nikikuuliza. Wewe ulisoma miezi, ukaficha. Alikuja nani?"

Niliwaza usiku kucha kwamba labda mama alikuwa ng'ambo mahali redio yetu haifiki. Labda alisikia, lakini tangazo langu lilikuwa kavu mno, halikumgusa mahali anapojijua. Nawaambia hili ili msidhani bibi yenu anajiona yuko safi na kijana ni mchafu.

Baada ya hao wawili nilimweleza Zuhura habari za kipimo cha vinasaba, kwamba akija mwingine hakuna haja ya kubishana, mnapelekwa mnapimwa. Akakubali. Lakini kipimo kinataka watu wawili wakae.

Wa tatu alikuja siku ya Jumanne, bila kamera, bila Deo, bila kandambili. Mimi sikuwepo, nilikuwa hospitali na mgongo wangu huu. Haya nayasema kama Zuhura alivyonisimulia jioni, na alinisimulia akiwa anacheka, anajisifu, mwanafunzi wangu hasa.

Alisema mama mmoja mweusi, mwembamba, kitenge kimechakaa, alisimama mbele ya cherehani akaanza kumsalimia kwa Kirundi. Salamu ndefu, za kushikana mikono mpaka viwiko, za kuulizia nyumba na mifugo, kama tunavyosalimiana huku. Zuhura hakuelewa hata neno, na alishachoka na akina mama. Akamuuliza kwa Kiswahili anataka nini. Yule mama akajibu kwa Kiswahili cha kuokoteza kwamba ameonyeshwa simu na watu, kwamba yeye ndiye wa kandambili.

Zuhura akamuuliza, "Iko wapi?"

Akasema ilikatika siku ileile, akaitupa.

"Ulinivalisha ya mguu gani?"

Yule mama akafikiri. Akasema, "Ya kulia."

"Toka," Zuhura akamwambia. Yule mama hakupigana, hakulia. Alifunga kitenge chake vizuri, akaondoka.

"Nimemkamata, bibi," Zuhura akaniambia. "Simu nzima imejaa kushoto, kushoto, yeye hata kuikariri kashindwa." Akacheka. Akaniangalia. "Mbona wewe hucheki?"

Sasa sikilizeni, maana hili ni la ndani kabisa ya kazi yetu, na sikuwahi kumwambia Zuhura kwa sababu sikuwahi kufikiri atalihitaji. Katika miaka yote ile, waongo hawakukosea. Rangi ya gauni sahihi, siku sahihi, mkono sahihi. Waliokosea walikuwa wazazi. Mama anakwambia gauni jekundu, kumbe la bluu. Baba na mama wanagombana mbele yangu kovu liko mkono gani. Mwongo alikuwa amekaa anasikiliza redio. Mama alikuwa anakimbia. Kwa hiyo jambo letu la siri hatukulitumia kama mtihani wa darasani wa kupata au kukosa. Tulimtazama mtu namna anavyolikaribia.

Nilimweleza hivyo Zuhura, polepole. Nikamwambia pia ukweli wangu, kwamba sijui. Huenda yule mama ni mwongo wa kawaida mwenye kumbukumbu mbovu. Huenda kajifunza kuja bila kandambili baada ya kuona waliokuja nazo wameumbuka. Nimeshuku pande zote mpaka kichwa kikaniuma. Lakini kucheka, hapana, nilishindwa.

Aliacha kucheka. Alikaa pale kigodani, akavua kiatu cha mguu wa kushoto, akakivaa tena, sidhani hata alijua anafanya nini.

Kesho yake tukapanda bodaboda mbili, mimi na mgongo wangu. Kijana aliyembeba yule mama sokoni alisema alimshusha Nyakitonto. Nyakitonto tukawakuta watu waliompa mahali pa kulala, alikuwa anawasaidia kupalilia. Walisema alirudi Jumanne jioni akiwa kimya, akaomba maji, akalala. Asubuhi mapema akaondoka, labda kwa njia ya mpakani Manyovu kurudi kwao. Namba ya simu hana. Jina alilowapa lilikuwa la Kikristo tu, lile ambalo kila kanisa lina kumi. Zuhura akawauliza kama alisema lolote. Mwenye nyumba akasema, "Alisema ameona mtoto wake anajua kushona."

Tukarudi Kasulu.

Deo alijitolea. Alisema atengeneze video, "Tumtafute mama wa tatu," itafika popote. Na itafika kweli. Na akina mama wangapi watakuja, wembamba, kitenge kimechakaa, wanasema kulia badala ya kushoto? Nilimwambia Zuhura hivyo. Akasema basi twende redioni, nisome mimi, kwa Kirundi, kama zamani.

Wakaniruhusu, wananiheshimu bado. Nikakaa kwenye kiti, nikamwomba Zuhura aniambie tuseme nini na tufiche nini. Kwa mazoea tu nilisema hivyo. Akanitazama. Hakukuwa na cha kuficha, kila kitu kilikuwa kimeshatoka, hata makosa ya yule mama ningeyasema yangekuwa ya kila mtu kesho. Akasema, "Sema aje tu, bibi. Sema sitamuuliza kitu."

Mimi, ambaye kazi yangu yote ilikuwa kuuliza, nilisoma hivi: "Mama uliyekuja Kasulu sokoni siku ya Jumanne kwa fundi cherehani, binti anakuomba urudi. Njoo kama ulivyo. Hutaulizwa kitu." Nilijua ni mlango gani ninaoufungua na nani wanaweza kuingia. Nikasoma mara mbili kama ilivyo desturi, na ile mara ya pili sauti ilinikatika, kitu ambacho hakijawahi kunipata kazini.

Nilipofika nyumbani simu za majirani zilishajaa. Deo alikuwa amenasa matangazo, akakata kipande pale pale sauti iliponikatika, akaweka na muziki wake. Watu wananipigia kunipongeza jinsi nilivyolia vizuri. Nilikwenda moja kwa moja kwa Zuhura nikiwa nimewaka, nikamwonyesha, nikamwambia tumshtaki, tumwite mwenyekiti wa mtaa, tumfanye nini sijui.

Aliiangalia mpaka mwisho. Hakuuliza nani kairuhusu. Aliuliza tu kama na kule Burundi watu wanaiona.